Kigezo cha Tano

Tangazo lile nililipiga chapa mimi,
Jumatatu ya mvua, umeme ukienda na kurudi.
Wakufunzi wawili, Hisabati, chuo cha serikali, Tanga.
Vigezo vinne. Nakumbuka vinne
maana nilivihesabu kwa kidole kwenye kioo
kama ninavyohesabu chenji ya dukani:
shahada, alama, miaka mitatu ya kufundisha,
umri usiozidi arobaini na mitano.
Nukta.

Walikuja sitini na mmoja.
Wengine walilala stendi ya Kange,
wakanawa uso bombani nyuma ya jiko la chuo,
wakavaa mashati waliyoyabeba ndani ya magazeti.
Mbelwa Singano alitoka Mabawa kwa baiskeli.
Miaka sita anafundisha palepale
kwa mkataba wa miezi mitatu mitatu,
kila robo akija dirishani kwangu:
"Dada Mwanakombo, jina langu lingalipo?"
Lilikuwapo. Kwa penseli.

Alhamisi nikapewa alama nizipange.
Singano wa kwanza.
Wa pili binti wa Lushoto, Elisifa Shekuwe.
Wa tisa, mtu ambaye suti yake haikuwahi kuonja jua.

Ijumaa, watu wametoka kuswali,
mkuu wa utumishi akafunga mlango kwa kisigino.
"Ongeza cha tano. Awe amesomea nje ya nchi.
Tarehe weka ya mwezi uliopita."
Hakunitazama. Alikuwa anamenya chungwa la Muheza,
ganda likining'inia refu, halikatiki.

Baba yangu alikuwa fundi cherehani, Barabara ya Nane.
Neno kigezo nilijifunza kwake kabla sijalikuta ofisini:
kipande cha mfuko wa saruji, umbo la bega, umbo la mkono.
Kanzu, alikuwa akisema, haipimwi ukutani,
hupimwa mwilini mwa mwenye kuivaa.
Lakini kazi ya umma si kanzu.
Hii unakata kwanza, mchana, watu wakiona,
ndipo waje wenye mabega.
Ukianza kumpima mtu, umemshonea.

Niliandika. Nisijitakase: niliandika.
Nina mkopo wa benki na mjukuu mwenye pumu.

Singano alikata rufaa, akajibiwa mistari miwili.
Akaenda mahakamani na wakili kijana
aliyemlipa kidogo kidogo, mara moja kwa magunia ya nazi.
Upande wa pili ukasema: mwajiri ana hiari ya kuchagua.
Jaji, mama mwenye miwani ya kamba,
aliandika mpaka akamaliza, akainua kichwa:
"Hiari anayo. Kigezo hiki kilizaliwa lini?"

Feni ikasikika.
Nikaitwa.

Kompyuta ina tabia moja ya kimaskini, haisahau deni.
Faili lilisema Ijumaa, saa nane na dakika kumi na saba.
Nami nikasema vivyo hivyo,
sauti ikitoka nyembamba kama uzi
unaokataa tundu mara ya tatu.

Hukumu, kurasa kumi na nne.
Kazi hakupewa; mahakama haiajiri.
Usaili urudiwe kwa vigezo vilevile vinne,
na umri uhesabiwe kwa siku ya tangazo la kwanza,
kwa kuwa Singano sasa ana arobaini na sita,
na mtu hazeeshwi na kosa la mwenzake.
Hapo alikohoa, Singano. Hakucheka.
Akatoka kuangalia kama baiskeli ingalipo.

Mimi nimehamishiwa masjala, chumba hakina dirisha.
Jana mkuu mpya akaniita, hajui kupiga chapa.
Nikavisoma kwa sauti, kimoja kimoja, mlango wazi,
mfagizi na ndoo yake akisikia.
Baada ya cha nne nikabonyeza nukta,
mara moja, taratibu,
kama baba alivyokuwa akikata uzi kwa meno.